Mahakama Kuu ikiamuru ofisi "ijibu barua ya mwananchi", ni ushindi au ni danadana?

Kitunguu Maji (#1)

Habari wakuu. Nina swali, na hasira kidogo.

Mama yangu alinunua kiwanja mwaka 2006, pembezoni mwa mji. Urasimishaji ulipopita, wapimaji wakaingiza kiwanja chake kwenye jina la mtu mwingine. Tukaandika barua ofisi husika Februari 2021, tukakumbushia 2022, tukakumbushia tena 2024. Kila ukienda unaambiwa "linashughulikiwa". Hawakatai wala hawakubali.

Sasa kuna mzee jirani, tatizo lake linafanana na letu, yeye akaenda Mahakama Kuu. Alihangaika karibu mwaka mzima. Jaji akaamuru ofisi itoe uamuzi juu ya maombi yake ndani ya siku 60. Mtaa mzima tukampongeza, hadi soda zikanunuliwa. Siku ya 58 barua ikaja, mistari miwili: maombi yako yamefikiriwa na hayakukubaliwa.

Kwa hiyo mahakama ilimsaidia nini? Yaani ulipe wakili, upoteze mwaka, ili uandikiwe "hapana"? Mimi nasema hii ni danadana yenye muhuri wa mahakama. Nipingeni.

Sokomoko (#2)

Naweka kiti mbele. Wanasheria njooni.

Toga Iliyochakaa (#3)

Kitunguu Maji, umechanganya vitu viwili na si kosa lako, wengi tunachanganya.

Jirani yako alipata mandamasi (amri ya kumlazimisha ofisa wa umma atimize wajibu wake). Njia yenyewe inaitwa mapitio ya mahakama, ipo chini ya Sura ya 310 ya sheria zetu za Tanzania na kanuni zake za mwaka 2014. Kwenye mapitio jaji haulizi kiwanja ni cha nani. Anauliza: huyu ofisa ana wajibu wa kisheria wa kuamua jambo hili? Ameamua? Kama hajaamua, aamue. Basi. Jaji akivuka hapo na kusema "mpe kiwanja", amekalia kiti cha ofisa.

Masharti yamewekwa zamani. Kesi inayotajwa kila siku ni ya Byombalirwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa, Bukoba, 1986. Uwe umeomba ukakataliwa. Wajibu utokane na sheria, na uwe kwa mwananchi, si kwa dola peke yake. Uwe wajibu wa lazima, si hiari. Uwe na maslahi ya kutosha. Na kusiwe na njia nyingine ya kufaa.

Binti wa Kolandoto (#4)

Toga, hapo kwenye "uwe umeomba ukakataliwa" ndipo panapouma. Hawakatai! Wananyamaza. Mtu aliyenyamaza amekataa?

Toga Iliyochakaa (#5)

Kunyamaza muda mrefu kupita kiasi huhesabika kuwa ni kukataa. Ila ni wewe wa kuthibitisha kwamba uliomba, lini, na kwa nani. Ndiyo maana nakala iliyogongwa muhuri wa kupokelewa ni dhahabu. Nimeona watu wana haki kabisa lakini barua zao zote hazina muhuri, wanasema "nilimkabidhi dada mmoja hivi pale mapokezi".

Mzee wa Masijala (#6)

Nimestaafu baada ya miaka 31 masijala (chumba cha kutunzia mafaili ya ofisi), kwa hiyo niacheni niseme kidogo kuhusu huyo "dada mmoja hivi".

Barua ikifika inagongwa muhuri, inaandikwa kwenye rejesta, inatafutiwa faili lake. Humo inapewa namba ya folio, yaani namba yake ndani ya faili. Faili linapanda kwa bosi. Bosi anaandika dokezo: fulani ashughulikie. Fulani yuko safari. Faili linakaa mezani kwake chini ya mengine kumi na tano. Akirudi anaandika "B.U." na tarehe, maana yake lirudishwe kwangu siku hiyo. Siku hiyo karani wa masijala anaumwa. Mwisho kuna mtu anaandika "P.A." na faili linarudi kabatini kulala. Hapo hakuna aliyekataa kitu. Hakuna mbaya hata mmoja kwenye hadithi hii.

Kitunguu Maji, usiulize tena "barua yetu imefikia wapi". Uliza: folio namba ngapi, faili namba ngapi, dokezo la mwisho la tarehe gani. Utaona wanavyoinuka vitini.

Sokomoko (#7)

Mzee wa Masijala "hakuna mbaya hata mmoja" 😂😂 Mzee umestaafu bado unawatetea!

Mzee wa Masijala (#8)

Siwatetei, mwanangu. Nimesema ninachokijua. Wabaya nao walikuwepo, faili lao lilikuwa halipotei, lilikuwa "linatafutwa" mpaka soda ifike.

Nyundo Bila Mpini (#9)

Mimi nakubaliana na mleta uzi. Majaji wanapenda amri hizi kwa sababu zinafunga faili. Kesi ya kiwanja ikisikilizwa kikweli ni mashahidi, ramani, kwenda eneo la tukio. Ukiandika "ofisi iamue ndani ya siku 60", kesi imekwisha, takwimu za mlundikano zinashuka, kila mtu anaenda chai. Mwananchi ndiye anarudi pale pale alipoanzia.

Pune 2009 (#10)

Nyundo, ulichosema kimeandikwa na majaji wenyewe, ila si wa kwetu. Nilisomea sheria India. Kule hii kitu ni mchezo wa kila siku: mtu anaenda Mahakama Kuu ya jimbo kwa Ibara ya 226 ya Katiba yao, haombi haki yake yenyewe, anaomba tu mamlaka iamriwe "kufikiria" maombi yake yaliyolala. Wakili wa serikali hapingi, jaji anaona hakuna anayeumia, amri inatoka siku hiyo hiyo.

Mahakama ya Juu ikaja kukemea. Mwaka 2006, kesi ya shirika la mabasi la Andhra Pradesh dhidi ya Srinivas Reddy, ilisema neno "fikirieni" lina mtego: je, mahakama imeshaona mtu ana haki, au imerudisha tu mpira? Waziri au ofisa anabaki kukisia. Halafu 2008, kesi ya C. Jacob: mtu aliondolewa kazini 1982, akaandika barua yake karibu miaka 18 baadaye. Ikaamriwa ifikiriwe. Ikafikiriwa, ikakataliwa. Akaja na kesi mpya akisema "nimekataliwa juzi tu". Unaona ujanja? Dai lililokufa limepewa cheti kipya cha kuzaliwa. Mahakama ikasema hapana, kujibiwa barua hakufufui dai lililochacha.

Binti wa Kolandoto (#11)

Pune umenitisha. Kwa hiyo mama wa Kitunguu Maji naye dai limechacha?

Pune 2009 (#12)

Sijasema hivyo dada. Hiyo ni India. Mama kaandika mapema na kakumbushia, hakusinzia miaka 18.

Toga Iliyochakaa (#13)

Lakini muda upo na kwetu, usiwape watu usingizi. Kwa kanuni za 2014 kwanza unaomba kibali cha kufungua maombi, na unakiomba ndani ya miezi 6 tangu kitendo au uzembe unaoulalamikia. Ukipewa kibali una siku 14 za kufungua maombi yenyewe. Sasa bishaneni: ofisi ikinyamaza, miezi 6 inahesabiwa tangu lini? Tangu barua ya kwanza? Ya mwisho?

Kanzu na Tai (#14)

Uzembe unaoendelea unaendelea. Kila siku ambayo hawajajibu ni kosa jipya. Saa haijaanza hata kuhesabu.

Toga Iliyochakaa (#15)

Kanzu, jaribu kumwambia hivyo wakili wa serikali halafu uje utusimulie pingamizi la awali (hoja ya kutupa kesi kabla haijasikilizwa) lilivyokukuta. Atakwambia muda wa kawaida wa kujibu ulikwisha 2021, na barua za kukumbushia hazisimamishi saa.

Kanzu na Tai (#16)

Nimeshamwambia. Nikashinda pingamizi. Mwenzangu chumba cha pili, hoja ile ile, akashindwa. Kwa hiyo sote tuko sahihi 😂

Chumvi ya Kensington (#17)

Wakuu mnasahau notisi. Huwezi kuishtaki serikali bila notisi ya siku 90. Mama aanze hapo.

Toga Iliyochakaa (#18)

Hapana mkuu. Siku 90 ni za mashauri ya kawaida ya madai chini ya Sura ya 5. Mapitio ya mahakama yana mlango wake. Ila Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aitwe awe sehemu ya kesi, na anayetokea siku hizi ni Ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali, ile iliyoundwa 2018.

Na vijana mnaolalamikia siku 90, mshukuru. Zamani ulitakiwa upate ridhaa ya serikali ndipo uishtaki serikali. Mahakama ya Rufani ndiyo iliyovunja hilo 1993 kwenye kesi ya Kukutia Ole Pumbun.

Sokomoko (#19)

Yaani unamwomba mtu ruhusa ya kumpeleka mahakamani 😭 "Shikamoo mzee, naomba nikushtaki."

Chumvi ya Kensington (#20)

Nimesahihishwa, asante Toga. Basi aende Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Ndiyo ile "njia nyingine ya kufaa" uliyoisema #3. Kama baraza lipo, mandamasi yake itatupwa nje.

Kanzu na Tai (#21)

Baraza halitamsaidia kama lazima amuunganishe mamlaka ya serikali. Tangu marekebisho ya 2020, shauri dhidi ya serikali, hata halmashauri, linamhusisha Mwanasheria Mkuu na linafunguliwa Mahakama Kuu. Akimshtaki yule mtu mwenye jina peke yake, baraza litauliza: aliyekosea kuandika yuko wapi?

Mama Ntilie wa Pili (#22)

Naomba niseme la kwangu, si la ardhi.

Mdogo wangu ni muuguzi. Aliondolewa 2017 kwenye uhakiki wa vyeti, ile orodha ya watu zaidi ya 9,900 waliodaiwa kuwa na vyeti vya kughushi. Yeye cheti chake ni halali, tatizo ni jina. Cheti cha sekondari kina jina la ukoo wa baba, ajira ina jina la mume. Akakata rufaa ngazi iliyotakiwa. Kimya. Mwaka ukapita. Tukaenda kwa wakili, akasema mtumishi wa umma lazima amalize kwanza ngazi zote za rufaa za ndani ndipo mahakama imsikilize. Sawa. Tukataka kupanda ngazi ya juu. Wakasema huwezi kupanda, ngazi ya chini haijatoa uamuzi wa kukatia rufaa.

Hebu fikirieni hapo. Juu huwezi, mahakamani huwezi, na chini hawasemi. Mtu amefungiwa kwenye ngazi, katikati ya nyumba.

Ndugu Kitunguu Maji, wewe unalalamika jirani alijibiwa "hapana". Sisi hiyo "hapana" tuliitafuta miezi 14. Siku ilipokuja mdogo wangu aliibusu ile karatasi. Si utani, aliibusu. Kwa sababu sasa ilikuwepo ya kukatia rufaa.

Binti wa Kolandoto (#23)

Daah. Pole sana. Na alirudi kazini?

Mama Ntilie wa Pili (#24)

Bado tunapambana. Anauza uji na vitumbua na mimi. Wateja wanamwita sista mpaka leo.

Kitunguu Maji (#25)

Mama Ntilie #22 umeninyamazisha kidogo. Kidogo tu. Maana nyinyi mlipata bila mahakama?

Mama Ntilie wa Pili (#26)

Wakili aliandika barua tu kwamba anaandaa maombi ya mandamasi, na rasimu ya hati ya kiapo akaiambatisha. Jibu lilikuja ndani ya wiki tatu. Sijui ni woga au ni bahati.

Mzee wa Masijala (#27)

Ni woga. Barua yenye nembo ya wakili haipandi kwa njia ya kawaida. Inabebwa mkononi.

Mtoto wa Likoni (#28)

Salamu kutoka Mombasa ndugu zangu. Nimesoma uzi wote, nacheka na kulia.

Kwetu Kenya haki ya kujibiwa imeandikwa kwenye Katiba ya 2010, Ibara ya 47: hatua ya kiutawala iwe ya haraka, ya haki, na ukitaka sababu uandikiwe. Halafu ikatungwa sheria ya 2015 kuitekeleza, na kuchelewa kupita kiasi ni sababu tosha ya kwenda kortini. Kwa hiyo yule mzee wa mistari miwili, huku angedai sababu kwa maandishi.

Lakini msidhani tuko peponi. Hata huku korti haimfanyii ofisa kazi yake. Mahakama ya Rufani ilisema 1997, kesi ya Baraza la Mitihani na wanafunzi waliofutiwa matokeo, maarufu kama kesi ya Gathenji: mandamasi inalazimisha wajibu utekelezwe, haisemi utekelezwe vipi kama sheria imemwachia ofisa hiari. Kesi hiyo mawakili wetu wanaiimba kama nyinyi mnavyoiimba ya Bukoba.

Nyundo Bila Mpini (#29)

Na wakidharau amri? Mnawafanya nini?

Mtoto wa Likoni (#30)

Hapo sasa. Marehemu baba alishinda kesi ya malipo dhidi ya wizara moja. Mali ya serikali haikamatwi, huwezi kumtuma dalali achukue gari la wizara. Kwa hiyo baada ya hukumu unaenda tena kutafuta mandamasi dhidi ya Katibu Mkuu mwenye fungu, alazimishwe kulipa. Asipolipa unaomba aitwe ajieleze kwa nini asifungwe kwa kudharau korti. Katibu Mkuu akihamishwa wizara, anakuja mpya anasema mimi sikuwepo. Baba alifariki tukiwa na Katibu Mkuu wa tatu. Tulilipwa baadaye, mama akaezeka nyumba.

Sokomoko (#31)

Pole sana Mtoto wa Likoni. Huko kwenu "korti", huku kwetu "mahakama", machozi ni yale yale.

Kipara cha Ofisini (#32)

Niseme upande wa ofisa, mnipige mawe baadaye. Nimekaa kwenye meza hizo.

Hakuna anayeogopa kazi. Tunaogopa saini. Nikisaini kwamba kiwanja namba fulani kitoke kwa Juma kiende kwa mama wa Kitunguu Maji, kesho Juma analalamika kwa mkuu wa wilaya, keshokutwa mkaguzi anauliza kwa idhini ya nani, mwaka ujao TAKUKURU wananiita. Nisiposaini, hakuna anayeniuliza kitu. Mfumo wenyewe unamlipa anayenyamaza.

Sasa amri ya mahakama ikija napumua. Nina karatasi ya kujikinga nayo. Kuna wananchi tuliwaambia wenyewe, kwa sauti ya chini: nenda mahakamani, tutakusaidia.

Nyundo Bila Mpini (#33)

Kwa hiyo raia alipe wakili ili wewe upate mwavuli. Safi kabisa.

Kipara cha Ofisini (#34)

Nilisema mtanipiga mawe.

Mzee wa Masijala (#35)

Kipara umesema kweli lakini siyo yote. Ingekuwa woga wa saini peke yake, hata majibu ya "hapana" yangetoka haraka, maana "hapana" haimpi mtu kitu. Mbona nayo yanakaa miaka?

Kipara cha Ofisini (#36)

Mzee, "hapana" ndiyo inayokatiwa rufaa. Soma #22.

Pune 2009 (#37)

Kipara hapo umejichoma mwenyewe. Maana yake ukimya ni mbinu.

Kanzu na Tai (#38)

Turudi kwa jirani wa mleta uzi. Barua ya mistari miwili isiyo na sababu, mimi ningeipenda. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba yetu inampa mtu haki ya kusikilizwa kikamilifu na kukata rufaa pale haki zake zinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine. Unakataje rufaa dhidi ya mistari miwili? Na huu ni uamuzi mpya, miezi 6 inaanza upya, safari hii unaomba ufutwe. Aliitwa kusikilizwa kabla ya kukataliwa?

Kitunguu Maji (#39)

Hakuitwa. Ila mzee amesema hataki tena kusikia neno mahakama. Amepanda migomba kwenye kile kiwanja, anasema aje wa kuing'oa.

Sokomoko (#40)

Mzee ametoa amri yake mwenyewe 😂 Migomba haiombi kibali.

Chumvi ya Kensington (#41)

Aangalie tu, migomba kwenye kiwanja cha mgogoro ni kesi nyingine. Njia ya bei nafuu: Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora inapokea malalamiko ya ofisi kuchelewesha mambo, bure.

Binti wa Kolandoto (#42)

Toga, nje ya mada kidogo: jaji wa ile kesi ya Bukoba ya 1986 nani?

Toga Iliyochakaa (#43)

Mwalusanya. Huyo huyo wa kesi ya Holaria Pastory ya 1990, mwanamke aliyeuza shamba la ukoo alilorithi, wapwa wakataka kulirudisha.

Binti wa Kolandoto (#44)

Bibi yangu anaijua hiyo kesi! Hajui kusoma lakini Holaria anamjua.

Kanzu na Tai (#45)

Toga, si wapwa, ni mpwa mmoja, Bernardo Ephrahim. Usiongeze watu kwenye kesi.

Toga Iliyochakaa (#46)

Nimepokea, mheshimiwa 🙏

Kitunguu Maji (#47)

Mrejesho. Leo nimekwenda na maneno ya Mzee wa Masijala: faili namba, folio, dokezo la mwisho. Kijana wa mapokezi akaniangalia, akaniambia subiri. Nimesubiri saa mbili na nusu. Faili limetoka, jembamba, lina vumbi, jina la mama limeandikwa Mwanahidi badala ya Mwanaidi. Barua ya 2021 imo, folio 3. Ya 2022 imo, folio 4. Ya 2024 haimo. Dokezo la mwisho ni Machi 2022, neno moja na herufi mbili: "Imeonekana. P.A."

Mzee wa Masijala (#48)

Si nilikwambia. Ya 2024 itakuwa kwenye faili la Mwanaidi, waambie wamefungua mawili. Na nani ameandika hiyo P.A.? Kuna cheo chini ya saini?

Kitunguu Maji (#49)

Saini ipo. Haisomeki. Cheo hakuna.

Kipara cha Ofisini (#50)

Si mimi.